Chakula Kilichokamatwa: Je, Kingoje Mpaka Kesi Iishe?

Mtu akiibiwa baiskeli, na polisi wakaikuta mikononi mwa mwizi, baiskeli hiyo huwekwa kituoni mpaka shauri liishe. Mwenyewe atanung'unika kwa kutembea kwa miguu, lakini siku ya kurudishiwa ataikuta baiskeli ile ile, labda magurudumu yamekwisha upepo na mnyororo umeshika kutu. Chakula sivyo kilivyo. Gunia la mahindi lililonyeshewa huota ukungu kwa muda wa siku chache. Samaki asiye na barafu hafiki kesho. Maziwa hayafiki jioni. Kwa hiyo serikali yo yote inapokamata chakula, iwe kwa haki au kwa makosa, hapana budi ifikiri mapema juu ya jambo moja ambalo halimo katika hati ya mashtaka, nalo ni wakati. Mahakimu waweza kuahirisha kesi mara kumi, lakini mahindi hayaahirishi kuoza.

Watu wengi hudhani kwamba mwenye chakula kilichokamatwa ana njia mbili tu: ama akubali kosa, alipe faini, apate mali yake upesi, ama ashikilie haki yake na aiache mali ioze ghalani. Njia hizi zote mbili ni mbaya, na ile ya kwanza ni mbaya zaidi, maana humfanya mtu asiye na hatia akiri hatia kwa ajili ya kuokoa magunia yake. Lakini ipo njia ya tatu ambayo mataifa mengi yanaijua. Mahakama yaweza kuamuru chakula kiachiliwe kwa muda: mwenyewe anaweka dhamana, anachukua mali yake na kuiuza, na kesi inaendelea kama kawaida. Akishindwa, dhamana yake huchukuliwa mahali pa mali. Akishinda, hurudishiwa dhamana. Hakuna aliyehukumiwa bado, na hakuna kilichooza.

Jambo hili ni rahisi kulieleza, lakini kulitenda kuna matata yake, na njia njema ya kuyaona matata hayo ni kutazama mambo yaliyokwisha tendeka. Mifano iliyo wazi kuliko yote imetoka baharini, kwa sababu samaki ni chakula kisichongoja mtu.

SAMAKI WA DAR ES SALAAM

Mfano ulio karibu nasi ni wa meli ya Tawariq 1. Mwezi wa Machi 2009 meli hiyo ya uvuvi ilikamatwa katika bahari ya Tanzania, ndani ya zile maili 200 ambazo nchi yenye pwani ina haki juu ya samaki wake. Waliokuwa katika doria walisafiri kwa meli ya ulinzi ya Afrika Kusini iitwayo Sarah Baartman. Tawariq ilipelekwa Dar es Salaam ikiwa na mabaharia zaidi ya 30 na karibu tani 300 za samaki, wengi wao jodari. Waziri wa Mifugo na Uvuvi wakati huo alikuwa Bwana John Magufuli, aliyechaguliwa kuwa Rais wa Tanzania mwaka 2015, na wananchi wakawaita samaki hao "samaki wa Magufuli". Jina hilo likaenea kila mahali.

Tani 300 za samaki si mzigo wa kuwekwa katika chumba cha vielelezo karibu na panga la mwizi na pochi iliyookotwa. Zinahitaji ghala la barafu. Ghala la barafu lahitaji umeme usiku na mchana. Na umeme hulipiwa, kesi iwe imesikilizwa siku hiyo au imeahirishwa. Mwishowe samaki hao waligawiwa kwa taasisi za umma, wakaliwa.

Kesi iliendelea bila samaki. Mwaka 2012 Mahakama Kuu iliwatia hatiani nahodha na wakala wa meli, ikawatoza faini kubwa sana. Mwaka 2014 Mahakama ya Rufani ikaifuta hukumu hiyo kwa sababu ya kasoro katika mwenendo wa shauri, na baadaye mwaka huo huo mashtaka yakaondolewa. Samaki walikuwa wamekwisha liwa zamani, na meli yenyewe ilikuwa imeharibika ikiwa bandarini.

Mwandishi wa makala haya hasemi kwamba mabaharia wale walikuwa wavuvi wema. Mahakama haikusema hivyo. Wala hasemi kwamba kuwagawia watu samaki lilikuwa jambo baya. Samaki aliyeliwa na mgonjwa hospitalini ni bora kuliko samaki aliyetupwa jaani. Lakini swali moja laonekana wazi kwa kila mtu: hukumu ikifutwa baada ya miaka mitano, mwenye mali arudishiwe nini, ikiwa mali yake imekwisha kuwa kitoweo? Na kama ingethibitika kwamba ni mwizi, Serikali ingekuwa imepata nini mkononi? Swali hili ndilo ambalo mataifa yalijaribu kulijibu kabla ya Tawariq kukamatwa, tena katika mkataba ambao Kenya yetu ilikuwa na mkono katika kuutunga.

MAPATANO YA MAILI 200

Zamani haki ya nchi juu ya bahari ilikuwa ndogo, na meli za mataifa makubwa zilikuja kuvua karibu na pwani za Afrika zipendavyo. Mwaka 1972, katika mkutano wa wanasheria wa Asia na Afrika uliofanyika Lagos, Kenya ilitoa pendekezo kwamba kila nchi yenye pwani iwe na eneo la kiuchumi baharini. Aliyelieleza ni mwanasheria wa Kenya, Bwana Frank Njenga. Pendekezo hilo lilipata nguvu, likaingia katika Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Sheria ya Bahari wa mwaka 1982. Kenya iliuridhia mwaka 1989, na mkataba ukaanza kutumika mwaka 1994. Ni jambo la kujivunia, nalo halifundishwi vya kutosha katika shule zetu.

Lakini mapatano ni nipe nikupe. Nchi zenye pwani zilipata samaki wa maili 200 na mamlaka ya kukamata meli za wavunja sheria. Nchi zenye meli zikataka hakika kwamba meli na watu wao hawatazuiliwa miezi na miaka kabla ya hukumu. Kwa hiyo kifungu cha 73 kinasema kwamba meli iliyokamatwa kwa ajili ya uvuvi, pamoja na mabaharia wake, itaachiliwa upesi mara iwekwapo dhamana ya kiasi cha haki. Na kifungu cha 292 kinaongeza kwamba ikiwa siku 10 zimepita tangu kukamatwa, na pande mbili hazikupatana juu ya mahakama ya kwenda, nchi ambayo meli yapeperusha bendera yake yaweza kupeleka malalamiko mbele ya mahakama ya kimataifa.

Mahakama hiyo iko Hamburg, Ujerumani, nayo ina majaji 21. Katika majaji wa kwanza walioapishwa mwaka 1996 alikuwamo Bwana Joseph Warioba, aliyekuwa Waziri Mkuu wa Tanzania. Katika mashauri ya kuachilia meli kwa dhamana, majaji hao hawaulizi kama nahodha aliiba samaki. Hilo ni kazi ya mahakama ya nchi iliyomkamata. Wao huuliza jambo moja tu: je, dhamana inayotakiwa ni ya haki?

DHAMANA YA SAMAKI WENYEWE

Mwezi wa Novemba 2000 manowari ya Ufaransa iliikamata meli iitwayo Monte Confurco, iliyokuwa ikipeperusha bendera ya Shelisheli, katika bahari ya baridi karibu na visiwa vya Kerguelen, mbali sana kusini mwa Bahari ya Hindi. Ndani yake zilikuwamo tani 158 za samaki mkubwa wa maji ya baridi, ambaye Wafaransa humwita légine na ambaye huuzwa kwa bei kubwa mno. Meli ilipelekwa katika kisiwa cha Réunion. Mahakama ya huko ikaamuru kwamba haitaachiliwa mpaka zilipwe faranga milioni 56.4 taslimu.

Shelisheli ilikwenda Hamburg. Shauri lilifunguliwa tarehe 27 Novemba, na hukumu ikatolewa tarehe 18 Desemba 2000. Siku 21! Msomaji aliyewahi kungojea kesi ya mpaka wa shamba atajua maana ya hesabu hiyo. Majaji waliona kwamba dhamana ya faranga milioni 56.4 haikuwa ya haki, wakaiweka milioni 18.

Hapa ndipo penye jambo la akili. Wale samaki tani 158 walikuwa tayari mikononi mwa Wafaransa, na thamani yao ilihesabiwa kuwa faranga milioni 9. Majaji wakasema kwamba thamani hiyo ihesabiwe kuwa ni nusu ya dhamana. Mwenye meli alitakiwa kuleta milioni 9 nyingine tu, kwa hati ya benki. Yaani mali iliyokamatwa ilijidhamini yenyewe kwa nusu. Jambo hili ni la haki kabisa, maana serikali iliyokwisha shika samaki wa mtu, kisha inamdai dhamana nzima kana kwamba haikushika kitu, inamtoza mara mbili.

Nchi ya Australia ilishika njia nyingine katika shauri la meli ya Kirusi iitwayo Volga, iliyokamatwa mwezi wa Februari 2002. Samaki wake, kiasi cha tani 131, waliuzwa kwa zabuni miezi michache baadaye, na fedha, zaidi ya dola milioni 1.9 za Australia, zikawekwa kungojea hukumu. Wakati shauri lilipofika Hamburg mwezi wa Desemba mwaka huo, hapakuwa tena na samaki wa kubishaniwa, ila kulikuwa na fedha zilizoandikwa vizuri katika hesabu. Fedha haziozi. Mtu aweza kusema kwamba mnada wa haraka hauleti bei nzuri, na ni kweli, lakini bei iliyo pungufu ni afadhali kuliko harufu mbaya.

MELI ILIYOBEBA SAMAKI WA WATU WENGINE

Shauri linalotufaa kuliko yote ni la meli ya Juno Trader, kwa sababu linafanana zaidi na matata ya mfanya biashara wa kawaida. Meli hii haikuwa ya kuvua. Ilikuwa ya kubeba mizigo ya barafu, kama lori la mtu anayekodiwa kubeba magunia ya wenzake, na bendera yake ilikuwa ya Saint Vincent na Grenadines. Ilichukua samaki katika bahari ya Mauritania, ikaelekea Ghana. Tarehe 26 Septemba 2004 ilikamatwa na askari wa Guinea-Bissau, walioshuku kwamba samaki hao wametoka katika bahari yao. Ndani kulikuwa na zaidi ya tani 1,180 za samaki walioganda.

Wenye meli walisema samaki ni wa Mauritania, na hati wanazo. Wakuu wa Guinea-Bissau hawakukubali. Mwezi wa Oktoba kamati ya serikali iliwatoza faini, ikaamua kwamba samaki wote wawe mali ya Serikali, na matayarisho ya kuwauza yakaanza. Mabaharia walikuwa wamezuiliwa pamoja na meli, na pasi zao za safari zimechukuliwa.

Kabla ya Hamburg kusema neno, mahakama ya Bissau yenyewe iliingilia kati. Mwezi wa Novemba ilitoa amri ya muda kusimamisha maamuzi ya kamati, pamoja na mpango wa kuuza samaki, mpaka shauri lisikilizwe. Tulikumbuke jambo hili. Guinea-Bissau ni nchi maskini iliyokuwa imetoka katika vita na mapinduzi, walakini hakimu wake alithubutu kuiambia serikali yake ingoje. Mara nyingi twasikia kwamba haki hupatikana ng'ambo tu. Shauri hili laonyesha kwamba yaweza kuanzia katika korti ya nyumbani.

Tarehe 13 Desemba 2004 majaji wa Hamburg, wote kwa sauti moja, waliamuru Juno Trader iachiliwe pamoja na shehena yake, mara iwekwapo dhamana ya euro 300,000, na mabaharia wawe huru kuondoka bila masharti. Walisema pia kwamba wajibu wa kuachilia upesi si wa hesabu za fedha peke yake, bali umefungamana na utu na utaratibu wa haki. Tangu malalamiko yapelekwe hadi hukumu zilipita siku 25.

Walipimaje kiasi cha dhamana? Katika shauri la meli ya Camouco, lililoamuliwa mwezi wa Februari 2000, majaji walikuwa wamekwisha eleza mambo wanayoyatazama: uzito wa kosa linalodaiwa, adhabu iliyowekwa na sheria ya nchi, thamani ya meli na shehena iliyokamatwa, na kiasi na namna ya dhamana iliyotakiwa na nchi yenyewe. Hakuna hesabu moja ya kufuata kila mara. Lakini mtu akiyashika mambo hayo ataweza kumweleza hakimu po pote kwa nini dhamana fulani ni kubwa kupita kiasi.

NA MAHINDI YETU?

Sasa twende bara. Kenya ina historia ndefu ya kukamata chakula. Mwaka 1942, wakati wa vita na uhaba, serikali ya kikoloni iliweka udhibiti wa mahindi, na baadaye ikawa desturi kwamba mtu hawezi kupeleka mahindi kutoka wilaya moja hadi nyingine bila kibali. Udhibiti huo haukufa siku ya Uhuru. Uliendelea chini ya bodi mbalimbali, ya mwisho ikiwa Bodi ya Nafaka na Mazao iliyoundwa mwaka 1979, na vizuizi vya barabarani vikabaki mpaka mwaka 1993. Wazee wengi wanakumbuka jinsi mahindi ya mkulima mwenyewe, aliyoyalima kwa jembe lake, yalivyohesabiwa kuwa magendo mara yavukapo daraja. Waliojua kwenda mahakamani kuyadai walikuwa wachache.

Siku hizi mahindi husafiri bila kibali cha wilaya, lakini chakula bado hukamatwa: kwa ajili ya ushuru wa forodha, kwa ajili ya alama za ubora, kwa ajili ya afya, au kwa kushukiwa kuwa cha wizi. Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai, ambayo mwanzo wake ni wa mwaka 1930, inasema katika kifungu cha 121 kwamba kitu kilichokamatwa na kuletwa mbele ya mahakama chaweza kuzuiliwa mpaka mwisho wa kesi au uchunguzi, kwa sharti kwamba kitatunzwa ipasavyo kisiharibike.

Maneno hayo ya kutunza ni machache, na wengi huyapita mbio wakisoma. Kwa maoni ya mwandishi, hapo ndipo lilipo tegemeo la mwenye chakula. Ikiwa kituo cha polisi hakina ghala kavu wala barafu, basi kutunza ipasavyo hakuwezi kuwa na maana ya kuyarundika magunia uani chini ya turubai. Kutunza kwa chakula ni kukiachilia kwa dhamana, au kukiuza na kuweka fedha.

Mahakama Kuu ya Rufani ya India ilifikiri hivyo hivyo juu ya sheria ya nchi yake, ambayo ina undugu na yetu, kwani Kenya ilitumia sheria ya jinai ya India kabla ya mwaka 1930. Katika hukumu ya mwaka 2002, iliyohusu mambo kama dhahabu, magari na pombe vilivyorundikana vituoni, majaji walisema kwamba vitu vilivyokamatwa visikae kituoni zaidi ya siku 15 hadi mwezi mmoja. Viandikwe kwa ukamilifu mbele ya mashahidi, vipigwe picha, mwenyewe atie sahihi ya dhamana, kisha apewe. Picha na maandishi hayo yatatumika kuwa ushahidi siku ya kesi. Haikuwa lazima gari lenyewe lisimame mvuani miaka saba ili kuthibitisha kwamba lilikuwako.

Kwa upande wa forodha, sheria ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004 imeruhusu vitu viharibikavyo upesi viuzwe mara moja, na fedha zake zishikwe mahali pa vitu hivyo. Lakini sheria hiyo hiyo ina mtego kwa mtu mvivu: mwenye mali ana mwezi mmoja tangu kukamatwa ili aidai kwa maandishi. Akinyamaza, mali huhesabiwa kuwa imekwenda. Watu wengi wamepoteza haki yao wakizunguka katika ofisi kuomba huruma, kumbe walichotakiwa kufanya ni kuandika barua moja.

Tena Katiba ya mwaka 2010 inalinda mali katika kifungu cha 40, inataka maamuzi ya ofisi za Serikali yawe ya haki na ya upesi katika kifungu cha 47, na katika kifungu cha 23 inaipa mahakama uwezo wa kutoa amri ya kulinda hali ilivyo wakati shauri likingojewa.

CHAKULA KISICHOFAA KUACHILIWA

Hata hivyo si kila chakula kinachofaa kurudishwa sokoni. Mwaka 2004 mahindi yenye sumu ya ukungu, iitwayo aflatoksini, yaliwaua watu 125 nchini Kenya, wengi wao katika sehemu za Makueni na Kitui. Waliougua walikuwa 317. Sumu hiyo haionekani kwa macho, wala kupika hakuiondoi. Hakuna dhamana inayoweza kumrudisha mtu aliyekufa. Kwa hiyo mtu akiomba aachiliwe mahindi yanayoshukiwa kuwa na sumu, hakimu hapaswi kuuliza kwanza juu ya fedha. Yafaa sampuli ichukuliwe mbele ya pande zote mbili, ipimwe upesi, na jibu lipatikane kabla ya amri. Na hapa afisa wa afya asichukue muda wake apendavyo, maana sampuli ikikaa miezi miwili kungoja kupimwa, mahindi yaliyokuwa mazuri yatakuwa yameota ukungu katika ghala la Serikali, na mwenyewe ataambiwa kwamba shaka ile ilikuwa ya kweli.

Ukali huo una sababu. Mwezi wa Mei 2023 Serikali ya Kenya iliwasimamisha kazi maofisa 27 kwa ajili ya mifuko 20,000 ya sukari iliyoingizwa nchini mwaka 2018. Serikali ilieleza kwamba sukari hiyo ilikuwa imekataliwa isiliwe, nayo ilikusudiwa kugeuzwa kuwa spiriti ya viwandani, lakini ikatolewa ghalani isivyo halali. Huko siko kuachiliwa kwa muda. Kuachiliwa kwa muda hufanyika mchana, katika korti iliyo wazi, pande zote zikisikilizwa, na karatasi ikabaki katika jalada ili mtu ye yote aisome.

MWENYE MALI AFANYE NINI

Siku ile ile ya kukamatwa, mwenye mali adai hati ya vitu vilivyochukuliwa, yenye jina la afisa, saa, mahali na sababu. Asiondoke kwa maneno matupu. Apige picha za mali jinsi ilivyo, akiruhusiwa, na za mahali inapowekwa. Atafute hati zake za kununua, za kusafirisha na za kupimwa, maana Juno Trader nayo ilijitetea kwa karatasi zilizoonyesha samaki walitoka wapi. Kisha aende kwa wakili au kwa karani wa mahakama bila kungoja juma la pili, na katika hati yake ya kiapo aeleze waziwazi chakula hicho chaweza kukaa siku ngapi kabla ya kuharibika. Mahakimu ni watu wa mjini wengi wao, wala si kila mmoja ajuaye kwamba maharagwe yaliyovunwa mabichi hayalingani na maharagwe makavu.

Ajue pia kwamba amri ikitolewa hajashinda kesi. Huchukua chakula akiwa kama mtunzaji wa thamani yake. Akikiuza, aweke hesabu ya kila senti, kwa sababu siku ya hukumu ataulizwa. Mdhamini wake naye afahamu anatia sahihi juu ya nini, maana rafiki akitoroka, ng'ombe wa mdhamini ndio watakaoijua njia ya mnadani.

Jambo la mwisho linawahusu makarani wanaoandika orodha za vitu vilivyokamatwa. Orodha isiseme tu "magunia 40 ya mahindi". Iandike uzito kwa kilo, hali ya unyevu ikiwa kipimo kipo, na rangi ya mifuko na alama zilizomo, kwa sababu gunia la kilo 90 na gunia la kilo 50 yote huitwa gunia, na siku ya kurudishiana tofauti hiyo ni tani moja na kilo mia sita.